Ubeti Usiokuwa na Picha

Nyinyi vijana mlio kwenye vyumba vya kukatia filamu mmezoea kuniuliza utenzi hugeuzwaje kuwa picha. Sasa nimestaafu, nina nafasi ya kujibu, na jibu ni kwamba bado sijui. Ninachoweza ni kuwaeleza tulivyofanya mara ya kwanza, pale Tabora, siku za Mwingereza, ili nanyi mkichanganyikiwa mjue kwamba si peke yenu. Mambo ya vyeo nitayaruka. Nilipanda polepole kama watu wengine, na kila nilipopanda nilibadilishiwa kiti tu.

Nilizaliwa Isevya, mtaa wa huko huko Tabora. Baba yangu alikuwa seremala, na mimi nilisoma kwa wamisionari wa Kimoraviani mpaka nikaweza kusema Kiingereza bila kukiogopa sana. Nilipoajiriwa kwenye gari la sinema la serikali niliambiwa kazi yangu ni ukarani na ukalimani. Siku ya kwanza sikuandika neno wala sikutafsiri neno. Nilishika kamba ya shuka la sinema kwenye upepo, nikavutwa nalo huku na huku mbele ya watu waliokuja kutazama filamu ya kilimo cha pamba, nao wakafurahia zaidi kunitazama mimi.

Mwalimu wangu wa kazi alikuwa Hamisi, fundi wa kamera na wa mashine ya kuoneshea picha. Zamani alitengeneza saa katika kibanda karibu na soko, na kamera yetu ilikuwa ya kukaza kwa ufunguo, kwa hiyo yeye aliiona ni saa iliyopotea njia. Alinifundisha kushika filamu kwa kingo zake tu, kama mtu anavyoshika andazi lililotoka sasa hivi kwenye mafuta. Alinifundisha kukwangua ncha za mkanda kabla ya kutia gundi, na kuhesabu kimoyomoyo wakati kamera inazunguka, maana ukizidisha, inakuishia katikati ya jambo. Mpaka leo nikitazama harusi ya mtu huwa nahesabu.

Filamu zetu hazikuwa na sauti. Picha ikipita kwenye shuka, mimi nilisimama pembeni na kipaza sauti nikisema kinachoendelea. "Huyu mkulima anapalilia mapema. Huyu jirani yake amelala." Mkuu wetu alikuwa Mwingereza mmoja mrefu ambaye mji mzima ulimwita Bwana Miwani. Hakuwa mtu mbaya. Alipenda mambo yaeleweke, na ndiyo maana alipata shida sana na sisi.

Siku moja alitujia na habari kwamba wakubwa wa Dar es Salaam wanataka filamu fupi iliyotokana na mashairi ya kale ya wenyeji. Akaniuliza, "Yakobo, Tabora kuna shairi la kale?"

Nikamjibu kwamba yapo, lakini lililo maarufu kuliko yote analo Bi. Zuhura.

Bi. Zuhura alikuwa mshonaji wa kofia, mjane, mtu wa mjini tangu enzi za babu zake, mwenye ulimi ambao hata wenye maduka waliupisha. Utenzi ule aliutunga bibi yake mzaa mama. Mume wa bibi alikuwa mpagazi, akaondoka na msafara kubeba pembe za ndovu kwenda pwani. Bibi alisimama kando ya njia akamwita, msafara ukapita, naye hakurudi tena. Watu wa Tabora waliujua utenzi huo kwa moyo, hasa ubeti wa mwisho:

Msafara ukapita,
na vumbi likatufita,
jina lako nikaita,
wala hukuniitika.

Nilipompelekea habari ya filamu, nilimkuta barazani kwake na kofia mapajani.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, Yakobo. Umekuja na kamba yako?"

Nikameza hilo, nikamweleza. Akatoboa kofia matundu kadhaa kabla ya kunijibu.

"Mtaupiga picha utenzi? Utenzi una sura?"

"Ndiyo tunataka kujua, Bibi."

"Basi pigeni. Lakini bibi yangu asichekwe, na mume wake asitukanwe. Yule hakuwa mbaya. Hakusikia tu, kwa ajili ya vumbi na kelele za ngoma. Bibi alituambia hivyo mpaka anakufa."

Tukaanza kazi, na hapo ndipo kichwa changu kilipoanza kuzunguka. Niliketi na Bwana Miwani nikimtafsiria beti moja moja, naye akiniuliza kila ubeti tutaona nini. Tulifika kwenye mstari usemao *moyo umeota nyasi*. Akavua miwani.

"Moyo uko wapi?"

"Ndani yake, Bwana."

"Na nyasi ziko wapi?"

"Hazipo. Ni moyo wake, umekuwa kama njia isiyopitiwa na mtu."

"Kwa hiyo tupige picha ya moyo au ya njia?"

Sikujua. Hamisi alikwenda akapiga picha ya nyasi, nyasi tupu zikitikisika, na tulipozitazama ofisini Bwana Miwani alisema ni nyasi nzuri lakini watu wa kilimo watadhani ni zao la shamba. Mimi nilizitazama nikaona huzuni. Nilipozitazama tena kesho yake, nikaona nyasi. Mambo ya namna hiyo hayajanitoka.

Tatizo kubwa lilikuwa ubeti wa mwisho. Tulikusanya wachukuzi wa stesheni tukawafanya msafara, tukawabebesha pembe za mti zilizopakwa chokaa, kwenye kipande cha njia ya zamani nje ya mji. Mvua ilikuwa imenyesha usiku wake, kwa hiyo vumbi halikuwepo, ikabidi vijana warushe majivu. Mke aliigizwa na Monika, msichana wa kwaya yetu, mwenye sauti ambayo filamu isingeweza kuichukua. Mume aliigizwa na mchukuzi mmoja jina lake Saidi, mtu wa kifua kipana na tabia njema. Tabia njema ndiyo iliyotuharibia kazi.

Monika aliita. Saidi akageuka. Pembe yake ikamgonga mwenzake sikioni.

"Simama!" akasema Bwana Miwani. "Mwambie asigeuke."

Nikamwambia. Tukarudi mwanzo. Monika akaita, na safari hii akalia machozi ya kweli, sijui aliyatoa wapi. Saidi akageuka.

"Saidi, hatukukubaliana usigeuke?"

"Tulikubaliana, Bwana karani. Lakini mwanamke ananililia vile, nisigeuke kwa vipi? Nina mama mimi."

"Husikii! Kuna vumbi na ngoma. Wewe husikii."

"Nasikia. Yuko hapo tu."

Nilimtafsiria Bwana Miwani. Akaukodolea macho umbali kati ya Monika na Saidi, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Kweli, kwa nini hakusikia?" Nikasema utenzi unasema vumbi. Akasema vumbi haliingii masikioni. Mwishowe Hamisi alimtia Saidi pamba masikioni, akapita mbele ya Monika kama jiwe, ikawa ndiyo picha tuliyoitumia. Nzuri mno. Ilinikosesha raha na sikuweza kusema kwa nini.

Filamu ilipokuwa tayari tukaipeleka kwanza safari za vijijini, kuijaribu, kabla ya kuionesha Tabora penyewe. Kazi yangu ikawa kughani beti wakati picha zikipita. Hilo nalo lilikuwa gumu. Picha huenda kwa mwendo wake na utenzi kwa mwendo wake. Mara nilikuwa bado namsifu mume wakati kwenye shuka ameshaondoka, mara Monika analia na mimi bado nipo harusini. Hamisi alinishauri nitazame mikono ya Monika na si midomo yake, na kuvuta pumzi kila akigusa kanga. Ushauri huo niliutumia miaka yangu yote ya kazi. Ukitaka maneno yaende na picha, tazama mikono.

Tulifika Igunga wakati wa mavuno ya pamba. Baada tu ya jua kuzama, uwanja ukajaa, watu wamekaa juu ya magunia. Nilighani vizuri kuliko siku zote. Nikafika ubeti wa mwisho, Saidi akapita na pembe yake, majivu yakatimka, nikamaliza: *wala hukuniitika.*

Nikashusha kipaza sauti. Na katikati ya watu, sauti ya mwanamke ikajibu:

Uliita nikasikia,
mzigo ulinizuia,
nyuma sikugeukia,
machozi yakanitoka.

Nilifikiri mashine imepata sauti. Nilimtazama Hamisi, Hamisi akanitazama mimi, filamu ikamwishia mikononi, ncha yake ikawa inapiga-piga chuma. Watu wakageukia upande ule, wengine wakacheka, wengine wakamnyamazisha. Nilipomwendea nilimkuta mama wa makamo, mkulima wa pamba, rozari shingoni. Alijitambulisha kuwa Mama Kalekwa.

"Mama, ubeti huo umeupata wapi?"

"Kwa babu. Aliuimba akisuka kamba. Wewe umeupata wapi huo wa kwanza?"

"Tabora. Ni wa mke aliyeachwa na mpagazi."

Akashika mdomo. Halafu akasema taratibu, "Babu alikuwa mpagazi. Alisema aliacha mke Unyanyembe, huko huko Tabora kwenu. Wimbo wa yule mke aliusikia miaka mingi baadaye, kwa wapagazi waliopita njia, ndipo akautungia jibu. Lakini jibu hakulipeleka."

"Kwa nini hakurudi?"

"Aliogopa. Hakusema anaogopa nini. Mimi nilikuwa mtoto."

Alimtaja babu yake kwa jina la Kasubi. Mume wa utenzi wetu, kwa Bi. Zuhura, aliitwa Juma. Hayo mawili hayakunisaidia kitu, maana wapagazi wengi walikuwa na jina la nyumbani na jina la safari.

Safari nzima ya kurudi nilikuwa kama mtu aliyebeba maji kwenye kiganja. Hamisi alisema, "Usimwambie Bi. Zuhura. Mwanamke ameishi na vumbi lake mpaka uzeeni, unamwondolea la nini?" Tulipokaribia mji akasema, "Mwambie. Akija kusikia kwa mwingine, mimi sitapita tena mbele ya baraza lile." Nilimwambia aamue moja. Akasema yeye ni fundi wa kamera.

Nikamwambia. Nilimghania ubeti ule hapo hapo barazani, kwa sauti ndogo. Mikono yake ikasimama juu ya kofia. Nilingoja alie au anifukuze.

"Mizani mmehesabu?" akauliza.

"Hapana, Bibi."

Akahesabu kwa vidole. "Mstari wa kwanza una tisa. Wa pili tisa, badala ya nane. Huyo si mume wa bibi. Bibi asingemlilia mtu asiyejua mizani."

Nikashukuru Mungu, nikaaga. Nilikuwa nimeshafika barabarani aliponiita.

"Yakobo! Hilo gari lenu linarudi lini Igunga?"

Bwana Miwani alikubali twende naye, tena kwa furaha. Alikuwa ameshaanza kufikiria kupiga picha mpya: mume anarudi, mke anamkimbilia, mwisho mwema. Bi. Zuhura alikaa mbele karibu na dereva, amejifunika baibui, hakusema neno njia nzima isipokuwa kumkemea dereva kwa mashimo.

Tulifika asubuhi. Mama Kalekwa alitoka shambani akifuta mikono. "Mwangaluka," akasema. Bi. Zuhura, ambaye mjini alijifanya hajui Kinyamwezi, akaitikia vizuri kabisa. Wakaketi. Hakuna aliyejua aanzie wapi. Wala mimi sikujua niwatambulishe vipi: ndugu, au wajukuu wa wake wenza? Nikasema tu, "Huyu ndiye huyu."

"Ghani," akasema Bi. Zuhura.

Mama Kalekwa akaghani. Bi. Zuhura alimsikiliza mpaka mwisho akamwambia, "Mizani imezidi. Sema, *Uliita kasikia, mzigo ukazuia.* Nadhani ndivyo alivyosema. Wewe ulikuwa mtoto, umetia maneno yako."

Mama Kalekwa akairudia mistari ilivyosahihishwa. Ikakaa sawasawa, kama mlango uliopata bawaba. Na ilipokaa sawa ndipo uso wa Bi. Zuhura ulipobadilika, kwa sababu sasa hakuwa na pa kukimbilia.

"Kwa hiyo alisikia," akasema.

Mama Kalekwa akaitikia kwa kichwa.

"Bibi yangu alimtetea kwa kila mtu. Wakimwambia mumeo kakutupa, anasema, hapana, ni vumbi. Nilizaliwa nikasikia habari ya vumbi. Kumbe alisikia!" Akamkazia macho Mama Kalekwa kana kwamba yeye ndiye aliyebeba pembe. "Na mzigo, aliutua lini? Au alikufa nao kichwani?"

"Aliutua, Bibi," Mama Kalekwa akasema. "Alilima hapa. Alitulea. Alikuwa mtu mpole. Sikuletei sifa zake, nakwambia nilichokiona. Kila akiuimba alilia, na sisi watoto tulidhani ni moshi."

Bi. Zuhura akaanza kuhesabu kwa vidole. Midomo ilimcheza. Nilidhani anasali. Kisha akaghani, bila kumtazama mtu:

Kusikia si kurudi,
wala chozi si ahadi,
alingoja kwa juhudi,
mpaka akazeeka.

Mama Kalekwa akainamisha kichwa. "Ni kweli," akasema. "Sina la kuongeza." Akaingia jikoni, akatuletea wali wa mchele wa Igunga na maziwa ya mgando, na Bi. Zuhura, ambaye hakuwa na desturi ya kula nyumba za watu asiowajua, akala.

Bwana Miwani aliniuliza wamesemaje. Nikamtafsiria beti zote mbili kadiri ya uwezo wangu. Akauliza kama sasa tunaweza kupiga picha ya mume akirudi. Nikamuuliza Bi. Zuhura.

"Mwambie hakurudi."

"Anasema filamu itapendeza, Bibi."

"Itapendeza. Lakini hakurudi."

Bwana Miwani alifikiri, akafuta miwani, akasema yeye tangu mwanzo hakuelewa, na sasa anaelewa kidogo zaidi na ni vibaya zaidi. Hiyo ni kauli ya maana kuliko zote nilizomsikia nazo. Filamu ikabaki kama ilivyokuwa.

Basi ikaja siku ya kuionesha Tabora. Nilimwendea Bi. Zuhura kumuuliza la kufanya, maana mimi ndiye ningeghani, na watu wa mji wanamjua bibi yake na habari ya vumbi. Ningeweza kuishia palepale pa siku zote na hakuna ambaye angejua.

"Ubeti wa yule bwana niusome au niuache?"

"Usome."

"Watu watasema."

"Waseme. Bibi yangu aliita, Yakobo. Ajibiwe."

"Na wa kwako?"

"Wangu nitausema mwenyewe."

Picha ya beti hizo hatukuwa nayo. Nilimuuliza Hamisi tutafanyaje, watu watatazama nini. Akasema hajui. Filamu ilipokwisha aliiacha taa ya mashine ikiwaka, shuka likabaki jeupe mbele ya mji mzima. Nikaghani ubeti wa mpagazi. Uwanja ukanong'ona, kisha mzee mmoja akapaza sauti, "Alisikia? Alisikia?" kama mtu aliyeibiwa. Bi. Zuhura akaja, akanipokonya kipaza sauti, akakishika kichwa chini miguu juu, akasema wa kwake. Akamaliza. Wanawake wakapiga vigelegele, wanaume baadhi wakaondoka wakigombana, mmoja akimtetea Juma na mwingine akimlaani, na nasikia kuna baraza moja la kahawa ambalo mabishano hayo hayakwisha mwaka mzima. Mtu mmoja alinijia akaniambia ilikuwa picha bora kuliko zote, hasa ile sehemu nyeupe. Sikujua nimshukuru au nimwombe radhi.

Kama Bi. Zuhura na Mama Kalekwa walikuwa watu wa nyumba moja kweli, siwezi kuapa. Wapagazi waliopita njia ile walikuwa wengi, na wake walioachwa vumbini walikuwa wengi. Lakini wale wanawake wawili hawakusubiri uhakika wangu. Mwezi uliofuata Bi. Zuhura alisomesha hitima ya bibi yake, na Mama Kalekwa akaja kwa lori la pamba na kikapu cha mchele. Kwa kuwa ni Mkristo alikuwa hajui akae wapi, na mimi pia sikujua, tukakaa pamoja kwenye mlango wa uani, tukiona nusu ya ndani na nusu ya nje.

Wakati wa dua mwalimu wa madrasa aliomba majina ya marehemu wa kutajwa. Akatajiwa bibi, akatajiwa mama, wakatajwa wajomba. Akauliza kama kuna mwingine. Mama Kalekwa alitazama chini. Kisha Bi. Zuhura akasema, "Yupo. Mume wa bibi."

"Kwa jina gani?" mwalimu akauliza. "Juma, au hilo lingine la huko?"

"Yote mawili," akasema Bi. Zuhura. "Lakini maliza kwanza kumwombea bibi. Yeye asubiri kidogo."